Maji ya Edung

Jumatatu, 3 Februari

Tumetoka mapema kabla mchanga haujapata moto. Mimi, Mapendo mke wa mwanangu, na mjukuu wangu Akiru. Ng'ambo ya laga, ule mto mkavu wa mchanga, matunda ya edung yameiva. Kila kitu kingine kimekauka. Nyasi hakuna. Migunga imebaki miiba. Edung peke yake ndiyo kijani, majani magumu kama ngozi ya kiatu, imekaa pale pale, fupi, pana, haijali. Nikiitazama huwa nasema: wewe na mimi.

Mapendo hajawahi kuchuma. Alivuta tawi likavunjika. Nikampiga mkono. Si kwa nguvu. Nikamwonyesha. Unashika tawi kwa mkono huu, unachuma kwa huu, ya juu unawaachia ndege. Miti ya kando ya mto Turkwel ina wenyewe. Kila boma linajua kipande chake, ukiokota bila ruhusa ni vita. Edung haina mwenyewe. Ni ya mwenye njaa. Ndiyo maana huivunji. Kesho mwenye njaa ni mwingine.

Akasema, "Ndiyo, mama." Husema hivyo kwa kila kitu. Sijui kama ananipenda au ananiogopa.

Mwanangu Erot alimpata Kakuma, kambini. Mkongo. Alifika huko na mama yake akiwa msichana mkubwa tayari. Sasa posho ya kambini imepungua, na mwanangu amepata kazi ya uashi Kalemng'orok, basi akaniletea mke na mtoto hapa Lodwar, akaniachia kama mizigo mlangoni. Sikukataa. Mtoto ni wangu. Ananiita Ata, bibi, na akiita kitu kinayeyuka hapa kifuani.

Gunia limejaa nusu. Mgongo unauma. Vizuri.

Jumatano, 5 Februari

Tumetwanga leo. Nyama ya tunda inatoka, mbegu inabaki. Mapendo ana mikono ya nguvu. Anatwanga akiimba kwa pua. Nilijifanya sisikii, lakini nilitwanga kwa mwendo wake.

Nimemweleza uchungu. Mbegu ya edung ni sumu ukiila kama ilivyo. Unachemsha, unamwaga maji. Unatia mengine, unachemsha, unamwaga. Hivyo hivyo mpaka maji yasiume ulimi. Asiyekuwa na subira asiiguse. Mama yangu alisema uchungu si ubaya wa edung, ni ua wake wa miiba. Ingekuwa tamu, nyani na mbuzi wangeimaliza mwezi wa kwanza, na sisi tungekufa mwezi wa tatu. Nimelifikiria hilo maisha yangu yote. Kuna watu pia wa namna hiyo. Mimi labda.

Sijui kama alinielewa yote. Kiswahili chake kina kona nyingi. Maji anaita mayi. Mimi anasema miye. Changu nilikiokota sokoni, halafu darasa la watu wazima pale kanisani likakitia herufi. Kiturkana nakisema vizuri ila sikufundishwa kukiandika, kwa hiyo moyo wangu ni Kiturkana na mkono wangu ni Kiswahili. Yeye alikiokota kwao huko milimani. Tunakutana katikati, tunaonyeshana kwa vidole.

Akiru ndiye hana shida. Anaongea na kila mtu, mpaka na kuku.

Ijumaa, 7 Februari

Leo tunapika. Moto nimewasha mapema. Maji ya kwanza nimemwaga, ya pili pia, meusi kama chai ya kanisani. Bado.

Asinyen, jirani yangu, anaita kutoka njiani. Bomba limefunguliwa. Nisipokwenda sasa sitapata hata tone. Mapendo atabaki na sufuria. Nitaandika nikirudi.

Jumamosi, 8 Februari

Sikuandika.

Naandika nikiwa hospitali. Akiru amelala, ana maji ya mshipa mkononi. Mkono wenyewe ni kama kijiti.

Niliporudi na mitungi nilimkuta mtoto chini. Ametapika. Macho yanageuka juu. Mapendo amemshika kichwa, anamwita, naye pia mdomo wake umejaa povu la matapishi. Sufuria iko pembeni. Bakuli iko pembeni. Nilitia kidole katika sufuria nikaonja. Uchungu wa kukata ulimi. Maji yale yale. Hayakumwagwa. Amempa mtoto edung mbichi ya maji machungu, tena ametia sukari ili aimeze.

Sukari!

Asinyen alipiga kelele, boda ikaja. Nilimbeba mtoto mimi. Mapendo alikimbia nyuma miguu mitupu.

Na pale mlango wa wodi, mbele ya watu wote, nilimwambia. Naandika kama nilivyosema. "Umempikia mtoto wangu sumu. Kwenu ndivyo mnavyoua?"

Akasema, "Mama, uliniambia imetosha."

"Ndiyo, ilikuwa imetosha! Kwani nilikuambia usimwage?"

Akaniangalia kama mtu aliyepigwa kofi na mti. Akanyamaza. Nikaona kunyamaza kwake ni hatia.

Mungu, usimchukue huyu. Nichukue mimi, nimekaa sana.

Jumapili, 9 Februari

Amefungua macho. Amesema, "Ata, kuku wamekula?" Nimelia mbele ya wagonjwa wote. Sina aibu.

Nesi ni msichana wa Kitale, mkali, anatembea haraka. Jana aliniuliza mtoto alikula nini, nikamweleza, akaandika. Leo amesema hatari imepita. Kisha akaniambia, "Shosho, na yule mama yake pia alitapika sana. Nimempa dawa, amekataa kulala kitandani, anataka sakafu karibu na mtoto."

Nilisema sawa. Sikumwangalia Mapendo. Alikuwa sakafuni, mkono wake umepita chini ya kitanda kushika mguu wa mtoto.

Asinyen alikuja na uji. Uji mzuri, maneno mabaya. Eti mtaa mzima unasema yule wa kambini alitaka kumaliza mtoto arudi kwao mwepesi. Nilimwambia nyamaza. Lakini nilimwambia kwa sauti ndogo. Ningetaka anyamaze, angenyamaza.

Jumanne, 11 Februari

Tumeruhusiwa. Erot amefika kutoka Kalemng'orok na saruji bado kwenye nywele. Hakuketi. Hakuuliza. Alikuwa ameshasikia njiani, na nani alimwambia najua.

Alimfokea mkewe uani, kuku wakakimbia. "Rudi kwa mama yako! Nimechoka kusikia jina langu barabarani." Mapendo alisimama wima, begi la mtoto mkononi, hakulia. Watu wamejipanga kwenye ua wangu wa matawi kama wanaangalia mpira.

Mimi nilikuwa nimekaa kwenye ngozi. Ningesema neno moja mwanangu angenyamaza. Ana ndevu, lakini ananiogopa. Sikusema. Nilikuwa bado na hasira, na hasira yangu ilifurahi kupata mdomo wa mtu mwingine.

Jumatano, 12 Februari

Wameondoka. Sikufikiri angemchukua mtoto.

Mjinga mimi. Nilidhani ataenda peke yake kama mwiba uliong'olewa. Asubuhi amemfunga Akiru mgongoni, amesema, "Mama, ubaki salama," akaenda stendi. Hakuna aliyemzuia, kwa sababu hakuna mwenye haki ya kumzuia. Mahari hatujapeleka. Ng'ombe hakuna, ngamia hakuna, tulisema ukame ukiisha. Kwa desturi yetu mtoto wa mwanamke asiyetolewa mahari ni wa kwao. Erot anajua. Mimi ninajua zaidi, nimekaa katika kesi za namna hiyo na kuwaambia watu wengine ukweli huo bila huruma.

Akiru aligeuza shingo akanipungia mkono. Alidhani wanakwenda kutembea.

Erot naye amerudi kazini. Nyumba ina kuku na mimi.

Ijumaa, 14 Februari

Sikula. Si kwa kufunga. Sina hamu.

Asinyen amekuja na panga. Anataka tukate edung zile za ng'ambo ya laga, tuchome. Eti mti uliokula mtoto hauachwi. Nilimfukuza yeye na panga lake. Mti haukula mtu. Mti ulisimama mahali pake na uchungu wake kama siku zote.

Nataka mtoto wangu. Hilo tu. Nataka anisumbue.

Jumapili, 16 Februari

Kanisani sikusikia mahubiri. Kichwa changu kilikuwa na jambo moja, linazunguka kama nzi.

Mapendo pia alitapika.

Niliona mwenyewe, nesi pia aliniambia, nikaliacha lipite. Lakini sasa nauliza. Mtu akitaka kumpa mwingine sumu, na yeye anakula? Anakaa chini na bakuli yake, anaila yote, uchungu wote huo? Na sukari. Mwenye nia ya kumwua mtoto hatafuti sukari. Sukari ilikuwa ya mwisho nyumbani, aliificha kwa ajili ya chai yangu mimi. Najua kwa sababu nilimwona akiificha.

Halafu lile neno. "Uliniambia imetosha." Nakumbuka vizuri. Nilikuwa na mitungi mkononi, Asinyen ananiita, na yeye akaniuliza jambo juu ya maji, kuna "tosha" ndani yake. Nikachungulia sufuria. Maji yalikuwa yamefunika mbegu, yanatosha. Nikasema imetosha, iache hivyo. Nikaenda. Nilijua atayamwaga yakishachemka, si nilimfundisha Jumatano?

Kuna shimo mahali fulani hapo. Silioni lakini mguu unalihisi.

Jumatatu, 17 Februari

Nimemwambia Asinyen alishe kuku. Amesema, "Unaenda kuwapigia magoti wakimbizi?" Nimemwambia, "Ninaenda kumwona mjukuu wangu, na wewe ukiacha kuku wangu walale njaa nitakupigia kitu kingine, si magoti."

Nimepata lori la mbuzi. Dereva alinipa kiti cha mbele. Nimefika Kakuma jua limeinama, nimelala kwa dada wa kanisa mjini. Kesho nitaingia kambini. Sijui nitasema nini. Sijazoea kutojua.

Jumanne, 18 Februari

Niandike polepole.

Nyumba ya mama yake Mapendo ni ya udongo, imefagiwa mpaka mchanga una mistari. Mama mwenyewe ni mfupi, kitenge kizuri, uso umefungwa. Nilimsalimia, "Ejok." Akajibu, "Karibu," kama anayefunga mlango. Akanipa kiti nje. Hata maji alinipa. Mtu akikuchukia na bado anakupa maji, huyo amelelewa.

Mapendo sikumwona. Nilisikia tu mtu akitembea nyuma ya pazia.

Mara Akiru akatokea kwa majirani, anakimbia, miguu imejaa matope ya bombani. Akaniona. "Ata!" Alikuwa anapita mlangoni kwenda kumwambia mama yake kwamba nimekuja, na bibi yake wa pili akapiga kelele:

"Wee! Tosha viatu mbele ya kuingia!"

Mtoto akakaa kitako, akavua ndara moja, akavua ya pili, akaingia.

Nilishangaa kidogo tu, kama mtu aliyeona mbuzi amekaa kwenye kiti. Nikauliza, "Viatu vinatosha nini?" Akaniambia bila kucheka, "Vinatosha kwa miguu. Anavitosha, anaviacha inje."

Nikainuka. Nikakaa tena.

"Mama," nikamwambia, "ukitaka mtu amwage maji ya sufuria, unamwambiaje?"

"Namwambia atoshe mayi."

"Na yakishamwagwa?"

"Mayi imeishatoshwa." Sasa alianza kunitazama vizuri.

Nilishuka kwenye kiti nikakaa chini. Pale pale mchangani, nikaharibu mistari yake. Kwa sababu nilimsikia Mapendo tena, mlangoni kwangu, siku ile, na mara hii nilisikia kila neno: "Mama, nitoshe mayi?" Aliniuliza kama amwage. Aliniuliza jambo lile lile sahihi, kwa wakati wake, kama nilivyomfundisha. Na mimi nikachungulia sufuria nikamjibu imetosha, iache hivyo. Nilidhani anauliza kama maji ni ya kutosha. Yeye akasikia kwamba maji machungu nimeshayatoa yote mwenyewe, haya yaliyobaki ni ya kuliwa, aache.

Neno moja. Kwangu ni kufika kiasi, kwake ni kuondoa.

Pazia likasogea. Mapendo alikuwa amesimama hapo, amesikia. Nikamuuliza, "Lakini uchungu hukuusikia?" Akasema kwa sauti ndogo, "Niliusikia, mama. Nilijua ndiyo utamu ya chakula yenu. Nikasema nisipokula, mama atasema ninadharau. Nilikula yote. Mtoto alikataa, ndiyo nikatia sukari."

Alikula yote. Kwa adabu. Aliimeza sumu ili asinidharau, na mimi nikamuuliza mbele ya watu kama kwao ndivyo wanavyoua.

Nilicheka. Halafu nikalia, na sijui ni lini kimoja kiligeuka kingine. Akiru akaja kunifuta kwa mkono wenye matope.

Jumatano, 19 Februari

Nilidhani nikishaomba msamaha nitafunga mizigo na watoto wangu. Sivyo.

Mama yake amesema, na amesema vizuri. Amesema neno tumeliona, neno halina kosa, ni kama jiwe njiani, mtu yeyote angejikwaa. "Lakini, mukwe wangu, matusi ilisemwa mbele ya watu. Na bwana yake alimfukuza bila kumuuliza. Hiyo siyo Kiswahili. Hiyo ni roho."

Kwa hiyo Mapendo harudi mpaka Erot aje mwenyewe. Na mimi nirudishe maneno yangu mahali nilipoyamwaga, mbele ya masikio yale yale.

Ningekuwa yeye ningedai na mbuzi juu.

Nimempigia Erot. "Mama, niko na kazi." Nimemwambia, "Unajenga nyumba za watu na yako iko chini. Njoo." Akasema atakuja mwisho wa mwezi. Nimemwambia, "Njoo kabla sijakuja huko kukuvuta sikio mbele ya mafundi wenzako." Amesema Jumamosi.

Jumamosi, 22 Februari

Amekuja. Amenyoa. Mlangoni ameambiwa, "Tosha viatu," akavitoa mara moja, wala hakufikiri.

Hapo ndipo damu ilinipanda. Kumbe anajua! Amekaa na neno hilo tangu amuoe. Angeuliza swali moja tu siku ile uani, "Mlisemezana nini?", tungemaliza kabla ya chai. Nilimwambia hivyo, mbele ya mama mkwe wake, kwa Kiturkana kwanza halafu kwa Kiswahili ili wote wafaidi. Akasema, "Mama, hata wewe hukuuliza." Nikasema ni kweli. Ni kweli. Tulikuwa wawili wenye masikio na hakuna aliyeyatumia.

Kisha akamwambia Mapendo, "Nisamehe." Alisema akitazama chini. Mapendo akamwambia, "Niangalie." Akainua macho, akasema tena. Mara ya pili ilikuwa bora.

Mapendo hakujibu ndiyo. Alisema, "Nitakuya kwa sababu ya mama." Erot alidhani anamsema mama yake mzazi. Lakini kidevu alinielekezea mimi.

Sijawahi kupewa kitu kikubwa hivyo. Ng'ombe wangapi wangetosha? Nimeliandika neno hilo sasa na mkono umesita juu yake. Nadhani utasita daima.

Mahari pia imezungumzwa. Mvua ikija ama isije, Erot ataanza kupeleka. Mtoto hawezi kuwa wa nyumba mbili kwa uvivu wa baba yake.

Jumanne, 25 Februari

Lodwar. Wote.

Leo jioni nimewaita wale waliosimama kwenye ua wangu. Wamekuja haraka, wanapenda kesi. Nimesimama, nimesema. Nilimwita mke wa mwanangu mwuaji. Si mwuaji. Aliniuliza vizuri nikamjibu vibaya bila kujua, kisha nikamtukana nikijua. La kwanza ni bahati mbaya. La pili ni langu.

Asinyen akasema, "Kumbe ni neno ndilo lililopika?"

Nikamwambia, "Ndiyo. Na wewe ulichota ukagawa mtaa mzima bila kuonja."

Watu wakacheka. Asinyen akaona haya, akaondoka, akarudi na sukari imefungwa kwenye karatasi. Akampa Mapendo mkononi. Hakusema kitu. Kwa Asinyen kutosema kitu ni sadaka.

Jumapili, 2 Machi

Baada ya kanisa tumepika edung, Mapendo na mimi. Ile iliyobaki kwenye gunia. Yeye ndiye aliyetaka. Mimi ningeiacha.

Hatukuongea sana. Amechemsha, amemwaga, ameonja, ametema. Amechemsha, amemwaga. Nilikaa kando nikichambua mchele wa kumpikia mgeni wa kanisa. Kila alipoonja nilimwangalia uso, naye alijua namwangalia. Mwishowe akaniletea maji kwenye kijiko. Hayakuuma. Tukazitia mafuta ya mbuzi.

Tumekula sisi wawili. Ni tamu ukifika huko mwisho, ladha yake iko karibu na maharagwe lakini ina kitu cha mti ndani yake. Mapendo amesema ni nzuri. Sijui kama ni adabu. Nimemwambia nyumbani kwangu chakula kibaya kinaitwa kibaya. Akafikiri. Akasema chumvi imepungua. Nimefurahi sana.

Akiru tulimpa bakuli yake. Ameiangalia. Ameisukuma kwa kidole kimoja mpaka ukingo wa ngozi, taratibu, haikumwagika. Kisha akakaa na mikono imefungwa nyuma.

Mapendo alinitazama. Sikumlazimisha. Nimemtengea ugali na maziwa, amekula, amelala kivulini na tumbo juu.

Bakuli yake tumeila sisi.